Orutu ya Mzee Zablon na Fahali wa Felix

Tangu nistaafu kutunga muziki wa filamu, vijana wanaoanza kazi hii hapa Kisumu wananipigia simu kila wiki, na wote wana swali moja: "Mwalimu, ulikuwa unatumia programu gani?" Ninawajibu, wananishukuru, wanakata simu. Hakuna hata mmoja aliyeniuliza jambo la maana, kwa hiyo nayaandika ya maana bila kuulizwa. Vyeti na tuzo viko kwenye droo na havina la kumfundisha mtu. Naanza na siku ya kwanza, kwa kuwa siku hiyo nilikosea kila kitu.

Nilikuwa nafundisha muziki katika shule ya wasichana na kuongoza kwaya, na nilijiona najua. Kijana mmoja aliyekuwa akipiga video za harusi alitengeneza filamu fupi kuhusu dada wawili wanaogombania cherehani ya marehemu mama yao. Aliniletea kwenye flashi akasema, "Madam, niwekee muziki." Hakusema wapi, hakusema wa namna gani, nami nikaona aibu kuuliza. Filamu ilikuwa ya dakika ishirini na mbili. Nikaiandikia muziki wa dakika ishirini na mbili. Dada mkubwa akifungua mlango, tarumbeta. Akiketi, vinanda. Akitia uzi kwenye sindano, filimbi. Mwenye filamu alipousikia alinishika mikono yote miwili, machozi yakimlengalenga, akasema hajawahi kusikia kitu kama hicho. Alisema kweli. Hakuna aliyewahi.

Akanituma kwa Bi. Saida, mhariri aliyekuwa akimuunganishia picha zake. Bi. Saida alikuwa mama wa Kaloleni, mwenye Kiswahili kilichonyooka kuliko cha sisi wengine, na alifanyia kazi chumba cha nyuma cha duka la kaka yake la vitambaa. Majora ya vitenge na kanga yalijaa hadi darini, na ndiyo maana chumba kile kilikuwa kimya kuliko studio zote za mji. Aliusikiliza muziki wangu dakika nne, akausimamisha.

"Mwalimu," akasema, "mwanamke kafungua mlango, umempigia tarumbeta. Akiufunga utampigia nini?"

Nikaanza kupekua karatasi zangu za noti.

"Keti."

Akazima muziki wangu wote, akanionyesha filamu mara tatu mfululizo. Mara ya kwanza niliona kasoro za picha. Mara ya pili nilichoka. Mara ya tatu nikaanza kusikia: kanyagio la cherehani, kijiko ndani ya kikombe, dada mdogo akivuta pumzi kabla ya kusema uongo. "Hayo yote ulikuwa umeyafunika," Bi. Saida akasema, huku akikata. Katika dakika zangu ishirini na mbili zilibaki tatu kasoro. Nilirudi nyumbani kwa miguu nikiwa nimekasirika, na nilipofika nikawa nimekasirika zaidi, kwa sababu nilishajua kwamba alikuwa sahihi.

Kwa hiyo utaratibu wangu ukawa huu, na sikuuacha hadi mwisho. Tazama filamu mara tatu bila kugusa ala yoyote. Mara ya tatu shika penseli, uandike tu pale ambapo umejikuta unataka kitu na hukipati. Weka karatasi chini, nenda sokoni, pika, lala. Kesho yake futa nusu ya ulichoandika. Kilichobaki ndicho cha kutungia. Nimewaambia watu hili mara nyingi, wakaliandika vizuri kwenye daftari, kisha wakaenda kuweka tarumbeta kwenye mlango.

Vifaa vyangu havikuwa vya kujivunia. Kinanda kilikuwa cha zamani cha shule, chenye kitufe kimoja kilichokuwa kikishuka kisirudi, na kinasa sauti kilikuwa na ukubwa wa mche wa sabuni. Adui yangu alikuwa Manyatta yenyewe, mtaa niliokaa. Nyumba yangu ilikuwa na kanisa lenye vipaza sauti upande mmoja na kinu cha posho upande wa pili. Kanisa angalau lilikuwa na ratiba. Kinu kilisaga mtu akileta mahindi. Nilipochoka kushindana nacho nilitafuta noti yake kwenye kinanda, nikakuta ni G, nikaandika muziki wa filamu nzima katika G ili kikipenya kwenye rekodi kisikike kama besi. Nilijiona mjanja wiki nzima. Kisha stima ikapungua nguvu mtaani, kinu kikashuka nusu noti, nami nikabaki juu peke yangu na kwaya ya watu wanane. Baada ya hapo nilihamia duka la magodoro la rafiki yangu Mama Beryl. Jumapili mchana duka likiwa limefungwa, ukikaa katikati ya magodoro unasikia hadi tumbo lako. Nimerekodi pale miaka mingi, na kasoro yake ilikuwa moja tu: mpiga akodioni wangu alikuwa analala.

Waongozaji ndio sikuwahi kuwapatia dawa. Mmoja aliniambia anataka muziki "wa buluu". Mwingine alitaka wa huzuni, lakini mtu aweze kuucheza. Wa tatu alikuwa na picha ya watu wamepanga foleni benki, kimya, kila mtu na simu yake, akataka ngoma kubwa ziingie hapo "ili wazungu wa tamasha wajue ni Afrika." Nikamwuliza ni benki gani ya Kisumu yenye ngoma. Akanitangaza kuwa mtu mgumu kufanya naye kazi, na sifa hiyo haijaniondoka hadi leo. Halafu wapo wale wanaobandika kwa muda muziki wa filamu kubwa ya ng'ambo wakati wa kuhariri. Wanausikiliza miezi sita, wanaupenda kama mtoto wao, kisha wanakuja kwako siku kumi kabla ya kuonyesha filamu na kusema, "Mwalimu, nataka kama huu, lakini usiwe huu."

Hao wote niliwavumilia. Aliyeninyima usingizi ni Felix, na wala hakuwa mtu mbaya.

Felix alikuwa kijana wa Milimani, mcheshi, mkarimu, mwenye jicho zuri la kamera na asiyekumbuka jambo lolote alilosema jana. Filamu yake ilimhusu dereva wa trekta la miwa huko Muhoroni ambaye anapata habari kwamba binti yake amefariki. Anarudi nyumbani kuzika, anakuta ndugu hawalii, wanagombana nani atachinja fahali. Fahali anakata kamba, waombolezaji wanamfukuza mashambani na suti zao. Watu wakiwa huko, baba anasimama kaburini peke yake. Ilikuwa hadithi nzuri, na ilipofika hapo kaburini nilijua ninachotaka: orutu, ile fidla yetu ya uzi mmoja, ipigwe na mtu anayejua nyimbo za matanga.

Mtu huyo alikuwa Mzee Zablon, wa upande wa Kombewa. Nilikwenda kwake nikamweleza. Akanisikiliza hadi mwisho, akasema hapana.

"Wimbo huo haupigwi bure," alisema. "Ukiupiga bila maiti, unaita."

"Ni filamu tu, Mzee. Hakuna aliyekufa."

"Basi hakuna wimbo."

Nilirudi wiki iliyofuata, na iliyofuata tena. Mara ya tatu mkewe, ambaye wote walimwita Mama Apiyo, aliniletea bakuli la nyoyo, mahindi na maharagwe ya kuchemsha, nikala. Ndipo Mzee akaniambia habari za Apiyo mwenyewe. Alikuwa binti yao wa kwanza. Alikwenda Uarabuni kufanya kazi za nyumbani, akaugua huko, akafa, akazikwa huko huko. Habari zilikuja kwa simu. Majirani walikuja, wakaomba, wakaondoka. Hapakuwa na jeneza wala kaburi la kusimama karibu nalo, kwa hiyo Mzee hakupiga orutu. Yeye aliyepigia matanga ya eneo zima la Seme hakumpigia mtoto wake.

"Nitaupiga," akasema, "lakini sitaupiga kwa ajili ya filamu yenu. Nitampigia Apiyo, nawe utanasa. Mara moja tu. Sirudii."

"Sawa, Mzee."

"Na usiupeleke mahali pa kucheka."

Nikasema, "Nakuahidi." Nilikuwa nimekaa kwenye kiti chake na chakula chake kikiwa tumboni mwangu.

Tulingoja mvua iishe juu ya mabati. Tukatoa kuku nje, wote isipokuwa mmoja tusiyemwona. Mama Apiyo aliketi karibu na mlango wa chumbani, kitambaa kichwani. Mzee alipiga dakika nne na kidogo, akiwa amefumba macho, na katikati ya wimbo yule kuku akatetea mara mbili chini ya kabati. Hakusimama. Alipomaliza alilaza orutu kitandani kama mtu anayelaza mtoto, akatoka nje, na sikumwona tena siku hiyo. Kuku nilimwacha kwenye rekodi. Ungemtoa vipi bila kuuchana wimbo?

Nilimpelekea Felix. Aliusikiliza akasema, "Wueh, Mwalimu." Nikadhani ameelewa.

Siku kumi kabla ya filamu kuonyeshwa kwa mara ya kwanza mjini Kisumu, Bi. Saida akanipigia. "Njoo dukani," akasema. "Najua utakuja kwa amani, lakini hutaondoka nayo."

Akanionyesha. Picha ya kaburini, iliyokuwa dakika nne, Felix ameikata ikabaki ya sekunde arobaini, bila muziki. Kisha fahali akakata kamba, na chini ya mbio zile, ikiwa imeongezwa kasi mara mbili, nikasikia orutu ya Mzee Zablon. Ilikuwa inalia kama nzi ndani ya chupa. Wajomba wanaanguka kwenye matope, suruali zinachanika, na wimbo wa Apiyo unawakimbiza. Hata kuku alikuwemo, amekuwa kama panya.

"Ameniambia niweke hivyo," Bi. Saida akasema. "Mimi sikuujua wimbo ni wa nani hadi nilipoona jina la mzee mwishoni, nikakumbuka uliyonihadithia. Sijalala vizuri tangu hapo."

Nilikwenda moja kwa moja Milimani. Askari wa getini alinitaka niandike kwenye kitabu sababu ya kuja. Nikaandika "muziki", kwa kuwa sababu halisi isingetosha kwenye mstari. Felix alikuwa bustanini kwa baba yake, akafurahi kuniona.

"Mwalimu! Umeona ile ya fahali? Watu wa Nairobi nimewatumia, wamecheka hadi wakalala chini!"

"Felix, ule ni wimbo wa matanga."

"Najua! Ndiyo maana inachekesha. Mtu anasikia matanga, anaona ng'ombe."

"Mzee aliupiga kwa ajili ya binti yake."

"Na namheshimu sana, aki. Jina lake liko pale mwisho, kubwa."

"Nilimwahidi hautapelekwa mahali pa kucheka."

Akakuna kichwa, akanitazama kwa huruma ya kweli. "Lakini Mwalimu, aliyeahidi ni wewe. Mimi sikuwepo."

Nilimweleza tena. Nikamweleza kwa Kiswahili, kwa Dholuo na kwa Kiingereza cha shuleni. Kila mara alitikisa kichwa kukubali, na kila mara alimalizia kwa kusema kwamba pale kwa fahali, kwa kweli, panafanya kazi vizuri sana. Mtu anayekupinga unaweza kumshinda. Anayekubaliana nawe kwa kila jambo asibadilishe chochote, utamfanyaje?

Kesho yake nilikwenda Kombewa. Niliona ni heri Mzee asikie kwangu kuliko kuketi ukumbini akasikie kicheko. Nilimkuta akitia mpini kwenye jembe. Nikamwambia yote, hata ile kasi, hata matope. Mama Apiyo alikuwa amekuja na chai. Alisimama akasikiliza hadi nilipomaliza, kisha akageuka akarudi nayo jikoni bila kumimina.

Mzee aligonga mpini chini mara mbili ili ukae.

"Huyo kijana simjui," akasema. "Sijawahi kumwona. Aliyekaa pale ndani akala, akaniahidi, ni wewe."

"Mzee, nimemsihi sana..."

"Nyathina, mwanangu, sijakuuliza umemsihi vipi."

Nikaaga. Njiani nilikuwa nimewakasirikia wote wawili, watu ambao hawajakutana maishani lakini wameniambia neno lile lile. Nilipofika Kisian hasira ile haikuwa tena na mahali pengine pa kwenda. Mimi ndiye niliyechukua kitu kisicho changu, nikakikabidhi kwa mtu mwingine bila kumwekea sharti lolote la maandishi, kwa sababu alisema "wueh". Ninyi mnaosoma haya, mkirekodi wimbo wa mtu wenye masharti, masharti hayo yaandikwe kwenye karatasi ile ile anayotia sahihi mwenye filamu, kabla rekodi haijatoka mkononi mwenu. Ni sentensi moja tu. Ingeniokoa safari zote hizi.

Jumatano nilimwita Felix chumba cha vitambaa. Bi. Saida hakuanza na wimbo. Alimpa chai, akamwonyesha mbio za fahali bila sauti yoyote, Felix akacheka tena kama siku ya kwanza.

"Mwanangu," Bi. Saida akasema, "umecheka nini sasa hivi?"

"Si huyo mjomba na suti yake!"

"Muziki uko wapi?"

Felix akaweka kikombe chini. Nadhani ilikuwa mara ya kwanza kumwona akifikiri bila kusema.

"Sawa," akasema hatimaye. "Lakini bila kitu hapo, ng'ombe anakimbia kama ng'ombe tu. Mwalimu, niletee kinachochekesha kuliko hiki kabla ya Ijumaa, nami nautoa."

"Na kaburini panarudi pote," nikasema, "dakika zote nne, na wimbo wake."

"Dakika nne mtu amesimama tu?"

"Amesimama na bintiye," Bi. Saida akajibu, akaanza kurudisha vipande kabla Felix hajasema ndiyo.

Sijawahi kuandika kitu nikiwa na hasira kama nilivyoandika muziki wa fahali. Nilikwenda shuleni nikaazima tuba ya bendi, tarumbeta kubwa ya besi, ile yenye bonyeo ubavuni. Nikapanga chupa za soda zenye maji, nikachukua kifuniko cha sufuria, nikajifungia kwa Mama Beryl. Tuba nilipiga mwenyewe, na mimi si mpiga tuba. Nilipokosa pumzi niliimba kwa mdomo, bum-ba, bum-ba, kama mtu mnene anayekimbilia gari. Pale nilipokosea sikurudia. Nilitaka tu kiishe. Nilikuwa nimesoma muziki, nimefundisha muziki, nimeandika kwaya za sauti sita, na hapo niko kati ya magodoro nagonga sufuria kwa ajili ya ng'ombe.

Felix alicheka hadi akaangukia majora ya vitenge. Alitimiza ahadi yake siku ile ile, na lazima niseme hivyo kwa haki.

Siku ya kuonyesha, Mzee Zablon na Mama Apiyo walikuja wamevaa nguo za kanisani, wakaketi safu ya tatu. Niliketi nyuma yao. Mbio za fahali zikaja, ukumbi ukavunjika kwa kicheko, na Mzee naye akacheka, mabega yakimtikisika. Kisha kaburini. Nilihesabu kila mpigo wa upinde wa orutu. Ukumbi ulikuwa umetulia kabisa. Halafu kuku akatetea chini ya kabati, na mtu mmoja huko nyuma akacheka.

Kilikuwa kicheko kifupi, cha pua. Nikafumba macho. Niliwaza kwamba baada ya yote yale nimevunja ahadi kwa sababu ya kuku niliyeshindwa kumtoa. Nilipofumbua, Mama Apiyo alikuwa amemshika mumewe kifundo cha mkono, naye Mzee ametazama mbele tu. Wakakaa hivyo hadi wimbo ukaisha.

Nje nilianza kuomba radhi kabla sijafika walipokuwa. Mzee akanikatiza.

"Yule kuku," akasema, "Mama Apiyo amemjua. Ni uzao wa kuku wa Apiyo. Aliwaacha wawili alipoondoka."

"Nilimjua tu alipoanza," Mama Apiyo akasema. "Wanatetea vibaya, wote wa ukoo ule." Akatabasamu, akajifuta macho kwa ncha ya kitambaa. "Utatuletea tusikie nyumbani?"

Niliwapelekea wiki ile ile, kwa kasi yake halisi.

Sasa sikilizeni kilichofuata, mjue kazi hii inavyolipa wema. Wimbo wa Mzee Zablon, kitu bora kuliko vyote nilivyowahi kunasa, ulisikika na wale walioitazama filamu ile, nao hawakuwa wengi. Muziki wa fahali ulitoka ukaenda. Mtu aliutoa kwenye filamu akaubandika kwenye video ya mlevi na baiskeli, mwingine kwenye ya kasisi na nyuki. Ukawa mlio wa simu. Ukaingia harusini, bwana arusi na wenzake wanaingia ukumbini kwa bum-ba, bum-ba yangu. Nimeusikia hospitalini, sokoni, kwenye mazishi simu ya chifu ikiita. Nimetungia filamu nyingi, na nikitambulishwa popote kuanzia Ahero hadi Bondo, mtu husema, "Huyu ndiye mama wa fahali," na watu hupiga makofi. Nimejaribu kueleza. Nimeacha. Felix akikutana nami ananiambia, "Si nilikuambia, Mwalimu?" Na mtu huyo, nawaapia, hakuniambia chochote.

Sikuacha kazi kwa sababu ya hayo. Niliacha kwa sababu nyingine, na hiyo ndiyo ninayotaka mwielewe vizuri.

Filamu zangu tatu za mwisho nilimwandikia Linet, mwanafunzi wangu wa zamani wa ile shule ya wasichana, mwongozaji makini kuliko wote niliofanya nao kazi. Katika ile ya tatu alimleta fundi wa sauti kutoka Nakuru, mgeni asiyenijua mimi wala fahali. Tulikaa watatu mchana mmoja kusikiliza kazi yangu. Fundi akasimamisha.

"Mama, huu mluzi wa juu umeuweka makusudi?"

"Mluzi gani?"

Akacheza tena. Nikasikiliza. Orutu, besi, sauti ya mwanamke. "Sisikii mluzi," nikasema. Fundi akamtazama Linet. Linet alikuwa akitazama viatu vyake.

"Linet, kuna mluzi?"

"Upo kidogo, Mwalimu."

"Tangu lini?"

"Tangu filamu yetu ya kwanza. Nadhani ni ile chaja ya kompyuta yako. Nilikuwa nauondoa nyumbani kabla ya kuchanganya sauti."

"Miaka mitatu? Na hukuniambia?"

"Ningekuambiaje?" akasema. "Wewe ndiye uliyenifundisha kusikia."

Nilimfokea. Nilimfokea kuliko nilivyowahi kumfokea Felix, na hakustahili, na niliomba radhi baadaye. Lakini niliyosema nayarudia hapa bila kuomba radhi. Heshima ya kunyamazia kosa la mkubwa wako si heshima. Miaka mitatu nilituma kazi yenye mluzi kwa watu wengine pia, na wao labda hawakuuondoa, labda walisema tu, huyo mama amezeeka, msimwambie. Kila mmoja alinilinda hadi nikawa mtu wa mwisho kujua. Mkisikia kosa katika kazi ya mtu aliyewatangulia, mwambieni siku hiyo hiyo, mlangoni kama hamwezi mezani, kwa upole kama mnao. Atakasirika. Mwambieni.

Linet alinipeleka kupimwa mwenyewe. Muuguzi aliniweka kwenye kijichumba kisichopitisha sauti, akanivisha hedifoni, akanipa kitufe. Nikisikia mlio, nibonyeze. Alianza na za chini, nikabonyeza, nikabonyeza, nikajisikia fahari kama mtoto kwenye mtihani. Katikati nikabonyeza. Kisha akaniambia kwa mkono kwamba sasa anapanda juu.

Nikakaa tayari, kidole kwenye kitufe. Kupitia kioo nilimwona akishughulika na mashine yake, akiandika, akigeuza, akiandika. Nikangoja. Niliona anachelewa, lakini nikajiambia ana kazi nyingi, na mimi nimezoea kuwangoja mafundi. Mwishowe uvumilivu ukaniishia, nikagonga kioo.

"Sista," nikamwuliza alipofungua mlango, "unaanza lini?"

Akanivua hedifoni polepole, moja moja, akaniwekea mkono begani.

"Tumeshamaliza, Mama," akasema.